Yule Hakuwa Chui: Darsa ya Kuhakikisha Habari kwa Wanyama wa Uganda



Sifa zote njema anazistahiki Allah, Muumba wa kila kinachotambaa na kinachoruka, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na masahaba zake.

Ndugu zangu, mhariri aliniomba niandike somo jepesi la elimu ya hadithi kwa ajili ya wenzetu wanaosoma uhandisi, udaktari na biashara, ambao hawajawahi kukaa darasani kwetu. Nimechelewa kulileta. Kila nilipoanza kueleza isnadi na matini nilijikuta naandika habari ya mnyama mmoja aliyeuawa karibu na chuo mwaka juzi. Mwishowe nikaona bora yawe somo moja. Wengi wenu mnalikumbuka tukio lile. Msichokijua ni kwamba aliyelianzisha ni mimi.

Ilikuwa Ramadhani, usiku wa kumi au wa kumi na moja. Tulikuwa tumemaliza tarawehe. Nilishuka kwenye njia ya nyuma ya hosteli, pale ambapo mtandao unashika vizuri, ili nimpigie mama. Taa ya ukutani ilikuwa ikiwaka na kuzimika. Mnyama akatoka kwenye majani, akavuka njia kama hatua ishirini mbele yangu, akasimama, akanitazama, kisha akaingia kwenye mafunjo ya kinamasi. Nikawahi kupiga picha moja. Ukiitazama leo utaona mgongo wenye madoa, kipande cha mguu, na giza.

Nikaandika kwenye kikundi cha WhatsApp cha jumuiya: chui yuko nyuma ya hosteli. Nikaweka na ile picha.

Nilipoamka kula daku, habari ilikuwa imenirudia kutoka kwenye kikundi kingine. Sasa chui walikuwa wawili, na mmoja alikuwa amebeba mbuzi. Nawaambieni ukweli: sikuikanusha. Nilifarijika. Nilijiambia kumbe si mimi peke yangu niliyemwona.

Dada zetu wakaacha kuja msikitini kwa sala ya Alfajiri, na wakakaa hivyo karibu mpaka kumi la mwisho. Vijana wa kijiji cha chini wakatoka na mbwa na mapanga. Siku ya tatu wakampata kwenye shamba la mahindi, wakamuua, wakamburuta mpaka getini ili sisi wasomi tuwashukuru.

Hapo getini pana mzee mmoja mlinzi. Nitamwita Mzee tu, kwa sababu hataki jina lake lichapishwe. Mnajua hali ya Kiswahili hapa Uganda: wengi wetu tunakutana nacho kwanza midomoni mwa polisi na askari, na kuna wanaokidharau kwa sababu hiyo. Mzee alikuwa mwanajeshi ujanani, na kabla ya hapo alikuwa mchungaji wa ng'ombe mlimani. Usiku ule nilimpita getini nikamweleza nilichokiona. Akaniuliza, "Kijana, mkia wake ulikuwa mrefu?"

"Sikuuangalia mkia, Mzee."

"Masikio je?"

"Mzee, nimeona madoa. Ni chui."

"Haya," akasema. "Lakini madoa wanayo wengi."

Alipoletwa yule mnyama, Mzee alichuchumaa, akakunjua sikio lake kwa kidole. Sikio lilikuwa kubwa, limesimama, na kwa nyuma lilikuwa jeusi lenye mstari mweupe katikati. Akaonyesha miguu: mirefu kuliko mwili unavyostahili. Akaonyesha mkia: mfupi, haufiki kisigino, una pete nyeusi. Madoa yalikuwa meusi yaliyojaa, wala si yale maua yenye tundu katikati aliyonayo chui. Alikuwa mondo. Mondo ni paka wa majani marefu na vinamasi, na chakula chake kikubwa ni panya. Msimu uleule watu wenye mashamba pale chini walikuwa wakililia panya kwenye mahindi. Nilimbeba mwenyewe kwenda kumzika, na hakuwa mzito kuliko mfuko wa posho wa kilo kumi.

Rawi mmoja, simu mia

Sasa tuingie darsani. Hadithi ina sehemu mbili: isnadi, yaani mnyororo wa waliopokea, na matini, yaani maneno yenyewe. Mtaalamu anauliza kila rawi mambo mawili. Je, ni mwadilifu? Na je, ana dhabti, yaani anashika na kufikisha alichokipokea bila kukipotosha? Watu wengi hudhani riwaya dhaifu ni ya mwongo. Sivyo. Vitabu vya rijali vimejaa watu wachamungu ambao riwaya zao ziliwekwa kando kwa sababu kumbukumbu zao ziliwaangusha. Mimi usiku ule sikusema uongo. Nilikosa dhabti.

Tazama tena nilichokiandika. Nilichokiona kwa macho kilikuwa madoa, ukubwa fulani gizani, na mwendo. "Chui" sikuliona, nililihitimisha. Wanazuoni walipoweka masharti ya habari ya mutawatir, ile inayopokewa na wengi kiasi kwamba haiwezekani wamepatana kuzua, waliongeza sharti ambalo tunalipita haraka darasani: habari iishie kwenye kitu kilichohisiwa, kilichoonwa au kusikiwa, si kwenye rai. Hata wangekuwa watu elfu, kama wote wanasimulia dhana ya mtu mmoja, haiwi mutawatir.

Na ndivyo ilivyokuwa. Siku nilipokuja kufuatilia ule ujumbe wa chui wawili, nikiuliza kila mtu ameupata kwa nani, njia zote saba nilizozipata zilirudi kwangu. Hiyo kwa istilahi yetu inaitwa gharibu: habari inayozunguka kwa wengi, lakini mahali fulani kwenye mnyororo imesimama juu ya mtu mmoja. Yule niliyemdhani kuwa shahidi wangu wa pili alikuwa mwangwi wangu mwenyewe. Mbuzi naye ni ziada; hakuna aliyekubali kwamba yeye ndiye aliyemwongeza.

Suratul Hujurat, aya ya 6, inatuamrisha kuichunguza habari kabla ya kuifanyia kazi, na inataja madhara na majuto yanayofuata kwa asiyechunguza. Nilikuwa nimeihifadhi aya hiyo tangu madrasa. Nilikuwa nimeijibia hata mtihani.

Kwato zilizokataliwa

Baada ya tukio lile nilianza kusoma jinsi wanyama wa sehemu zetu hizi walivyotambuliwa, kwa kuwa nilitaka kujua kama kuna wengine waliokosea kama mimi. Wapo, tena wakubwa. Kisa ninachokipenda kuliko vyote kilitokea mpakani mwetu na Kongo.

Mwaka 1899 Harry Johnston alikuja Uganda akiwa Kamishna Maalumu wa Uingereza. Alikuwa amesoma kitabu cha Stanley cha mwaka 1890, ambamo imetajwa kwamba Wambuti wa msitu wa Ituri wanamjua mnyama mithili ya punda na humnasa kwa mashimo. Punda msituni? Jambo hilo lilimkaa Johnston kichwani. Ikatokea kwamba kundi la Wambuti lilikuwa limechukuliwa kwao na mtu aliyekusudia kwenda kuwaonyesha Paris kama vitu vya maonyesho. Johnston akawatoa mikononi mwake na kuwarudisha kwao Kongo. Akawauliza juu ya yule mnyama. Wakamweleza vizuri: rangi ya giza, miguu yenye milia.

Wakamfanyia zaidi ya hapo. Wakamwingiza msituni, wakamwonyesha nyayo zake.

Nyayo zilikuwa za kwato mbili. Johnston alikuwa ameshaamua kwamba anamtafuta mnyama wa jamii ya farasi, na farasi, punda na punda milia wana ukwato mmoja usiogawanyika. Akaona wale wenyeji wamekosea, wamemwonyesha nyayo za mnyama mwingine. Akaziacha.

Alichofanikiwa kupata ni vipande vya ngozi yenye milia, vilivyokuwa vimefanywa mikanda. Akavipeleka London. Philip Sclater, kwa kuvitegemea hivyo tu, akamwandika mnyama kwa jina Equus johnstoni: farasi wa Johnston. Kisha mwaka huohuo wa 1901 Karl Eriksson, ofisa Mswidi aliyekuwa akitumikia upande wa Kongo, akampatia Johnston ngozi nzima na mafuvu mawili. Kwato zilikuwa mbili, vilevile walivyosema Wambuti. Hakuwa farasi wala punda. Ray Lankester akamfungulia jenasi mpya, Okapia, na akamweka karibu na twiga. Okapi ndiye huyo, na leo hapatikani porini ila Kongo, ingawa zamani aliripotiwa pia upande wetu, kwenye msitu wa Semuliki.

Nimekisoma kisa hicho mara nyingi, na kila mara husimama pale kwenye nyayo. Mbele ya Johnston walikuwepo watu waliozaliwa humo msituni, waliomla mnyama huyo, waliomtegea mashimo. Kwa kipimo chochote cha elimu yetu hao ni thiqa katika jambo lile. Akaitupa riwaya yao kwa sababu haikupatana na rai aliyokuja nayo. Kisha vitabu vikaandika kwamba yeye ndiye aliyemgundua, na mpaka leo jina la kitaalamu la mnyama lina jina lake. Nami simcheki sana. Mimi sikuhitaji hata kwenda msituni. Mtu aliyechunga mlimani alinisimamisha getini akaniuliza habari za mkia.

Tena msidhani suala la jina ni la wanasayansi peke yao. Kwa mwanafunzi wa fiqhi, farasi wa Johnston angeingia kwenye mlango wa punda mwitu, ambaye ni halali kwa hadithi sahihi. Ndugu wa twiga anaingia mlango mwingine kabisa, na ndani ya madhehebu yetu ya Shafi tu wamehitilafiana: Imam Nawawi katika al-Majmu' amemwita twiga haramu, naye Taqiyyuddin as-Subki akaelekea kwenye uhalali. Ukikosea kumtambua mnyama, umeshakosea hukumu kabla hujafungua kitabu.

Unyoya uliosubiri miaka 23

Upande wa pili yuko mtu ambaye ningependa kufanana naye. James Chapin alikuwa kijana wa umri wetu alipokwenda Kongo na msafara wa jumba la makumbusho la New York ulioanza mwaka 1909. Mwaka 1913, katika nchi ya Ituri, aliona unyoya kwenye kofia ya mwenyeji mmoja. Akauchukua. Alikuwa amewasoma ndege wa Kongo kwa miaka minne, na ule unyoya haukuwa wa ndege yeyote kati ya aliowajua. Hakukisia. Aliuweka.

Mwaka 1936 alikuwa kwenye jumba la makumbusho la Tervuren, Ubelgiji. Akaona juu ya kabati ndege wawili waliokaushwa, wamesahauliwa huko, na kibao kinasema ni tausi wa India wachanga walioletwa kutoka nje. Akaukumbuka unyoya wake. Hawakuwa tausi wa India. Walikuwa tausi wa Kongo, ndege ambaye elimu ya vitabuni ilikuwa haijamwandika, na ambaye mwaka huohuo Chapin alimpa jina Afropavo congensis.

Miaka ishirini na mitatu, kwa unyoya mmoja. Wanazuoni wetu wana neno kwa hali hiyo: tawaqqufu, yaani kusimama. Ushahidi usipotosha, hukubali wala hukanushi. Unasimama mpaka kitu kije kukuongoza. Huko Tervuren, kila aliyepita alikisoma kibao akakiamini kwa kuwa kimeandikwa na kimetundikwa. Tunayo tabia hiyo sana. Picha ikija na maneno chini yake, tunasoma maneno, picha yenyewe hatuitazami tena.

Nitaje kwa ufupi lesula pia, kwa kuwa yeye si wa zama za wakoloni. Ni kima wa misitu ya bonde la Lomami, Kongo. Mwaka 2007 watafiti walimwona mmoja amefungwa nyumbani kwa mkuu wa shule huko Opala. Wenyeji walikuwa na jina lake na walimjua vizuri. Hata hivyo utafiti uliomtangaza ulichapishwa mwaka 2012. Katikati ya hapo walilinganisha ngozi, mafuvu, sauti yake ya alfajiri na vinasaba vyake na vya jamaa yake wa karibu mwenye uso kama bundi. Jina la wenyeji likabaki kuwa jina lake, na ndivyo inavyopasa.

Dhabbu, kenge, na ndege wa kwenye waya

Kuna mjadala uliowahi kuwaka kwenye halaka yetu ya Alhamisi. Kaka mmoja alisema kenge ni halali, kwa sababu ameliwa mezani pa Mtume (S.A.W.) naye hakukataza. Alikuwa na hadithi mkononi, tena iko kwa Bukhari na Muslim: Khalid bin Walid alimla dhabbu, na Mtume (S.A.W.) akajizuia kwa kuwa si chakula cha nchi ya watu wake, bila ya kumharamisha. Kosa halikuwa kwenye hadithi. Lilikuwa kwenye tafsiri iliyoliweka neno kenge mahali pa dhabbu.

Dhabbu ni mjusi mnene wa jangwani, mkia wake una miiba mizito, na anakula majani. Hapa Uganda hayupo. Kenge wetu, huyu anayeota jua kwenye kingo za mito na Ziwa Nalubaale, ana ulimi uliogawanyika kama wa nyoka, anakula nyama, mayai na mizoga, na kwa Kiarabu jamii yake inaitwa waral. Mafaqihi wamemzungumzia waral kwa mlango wake peke yake. Ad-Damiri, faqihi wa Kishafi wa Misri aliyefariki mwaka 808 Hijria, aliandika Hayatul Hayawan kwa mpangilio wa herufi, na chini ya jina la mnyama huweka maelezo, hadithi, na hukumu ya kumla. Alielewa kwamba hukumu inafuata utambuzi. (Ana na hekaya zake za ajabu pia, msinukuu kila kitu mle.)

Mfano wa pili ulinifurahisha zaidi. Katika Sunan Abi Daud, kwa riwaya ya Ibn Abbas, yamo makatazo ya kuua viumbe vinne: sisimizi, nyuki, hudihudi na surad. Watatu wa kwanza tunawajua. Surad nilimpita kwa mwaka mzima kama nilivyofundishwa kumpita, "ni aina ya ndege". Baadaye nikaona wanavyomweleza: kichwa kikubwa, mdomo wenye nguvu, mweupe na mweusi, anayewinda ndege wadogo. Nikatoka nje ya ukumbi wa mihadhara nikatazama waya wa umeme. Alikuwa amekaa pale, kama anavyokaa kila siku. Ni mbwigu: mgongo mweusi, tumbo jeupe, mstari mweupe kila bega, mkia mrefu, ncha ya mdomo imepinda kama ya mwewe. Hukaa mahali pa wazi, hushuka kumkamata panzi au mjusi, na wakati mwingine humtungika kwenye mwiba au kwenye seng'enge ili amle kwa nafasi. Huyu wetu ni spishi ya Kiafrika na wa Hijazi wana zao, ila jamii ni moja. Wenzangu wawili walikuwa na mazoea ya kumlenga na manati. Niliwasomea hadithi, kisha nikawaonyesha waya.

Daftari la Jumamosi

Mzee hakunikaripia kwa habari ya mondo. Siku chache baada ya Idi nilimwomba anifundishe kutazama. Jumamosi baada ya Alfajiri, zamu yake ya usiku inapoisha, tunatembea naye ukingoni mwa kinamasi kabla ya kwenda kulala. Sasa tunakwenda watano, wawili wao dada zetu, na mmoja ndiye mwenye macho makali kuliko sote.

Sharti lake la kwanza lilinichosha: jina liandikwe mwisho. Kwanza unaandika ulichokiona. Ukubwa, kwa kulinganisha na kitu unachokijua, kuku au mbuzi au paka wa jikoni. Miguu, masikio, mkia, kwa sababu rangi hudanganya kwenye mwanga mbaya na umbo hudanganya kwa nadra. Saa, mahali, alikuwa akifanya nini, nani mwingine alimwona kwa macho yake. Halafu unauliza je, anayefanana naye ni nani. Wenye madoa hapa kwetu si chui na mondo tu. Yuko kanu, mwembamba, miguu mifupi, mkia mrefu wenye pete, hazidi sana paka wa nyumbani. Yuko fungo, anayetembea ameinamisha kichwa, uso wake kama umepakwa masizi machoni.

Nyayo nimezipenda kuliko yote, labda kwa sababu ya Johnston. Paka huficha kucha anapotembea, kwa hiyo alama yake kwenye tope ni vidole vinne na kitako, bila ncha za kucha. Mbwa, fisi na fungo huacha alama za kucha. Unyayo wa mondo unafunikwa na kibiriti. Wa chui unakaribia kiganja changu. Kila unapopiga picha weka kibiriti au kalamu pembeni, la sivyo picha yako haina kipimo na hakuna atakayeweza kukusaidia. Kama usiku ule ningeteremka na tochi nikatazama tope kwa dakika mbili, dada zetu wangeendelea kuja kusali.

Si lazima hata umwone mnyama. Katika sensa ya sokwe wakubwa wa milimani huko Bwindi na Sarambwe, iliyotangaza idadi ya 459 kutokana na kazi ya mwaka 2018, sehemu kubwa ilikuwa kutafuta viota vyao vya kulalia na kukusanya kinyesi, kisha vinasaba vya kwenye kinyesi vikatofautisha mmoja na mwingine.

Kwa wenye simu, na sote tunazo, upo mtandao wa iNaturalist. Unaweka picha, tarehe na mahali, na watu wanaojua hutoa rai zao. Hauihesabu habari yako kuwa ya kiwango cha utafiti mpaka zaidi ya theluthi mbili ya waliotoa rai wakubaliane juu ya spishi. Nilipousoma utaratibu huo nilicheka peke yangu maktaba. Lakini kuna tahadhari. Wanaokubaliana wanaweza nao kuwa wanafuatana tu, hivyo soma sababu wanazotoa. Na mahali pa mnyama anayewindwa, kama kakakuona, pasitangazwe. Mtandao wenyewe huficha mahali halisi pa spishi zilizo hatarini, ila kikundi chetu cha WhatsApp hakifichi kitu. Na ukiamini kweli umemwona chui, wapigie Mamlaka ya Wanyamapori kabla hujamwandikia mtu mwingine yeyote.

Nchi hii ina zaidi ya aina 1,000 za ndege katika eneo linalokaribia kuwa sawa na la Uingereza. Daftari letu lina 94. Kuna 11 tulizoziandika zote kwa maelezo na mbele ya jina tukaweka mstari mtupu. Mmoja ni ndege mdogo wa kahawia anayeimba ndani ya mafunjo kabla jua halijatoka, hatujawahi kumwona zaidi ya mkia. Mzee ana jina lake kwa lugha yake, tumeliandika pembeni. La kitabuni bado.

Nilituma masahihisho kwenye kikundi wiki ileile aliyozikwa mondo, nikaeleza kwamba nilikosea. Yalipata alama mbili za gumba, basi. Mwezi uliopita kaka mmoja wa mwaka wa kwanza alinikuta nikishuka njia ya nyuma ya hosteli, akanishika mkono kwa huruma, akaniambia nisipite huko usiku, kuna chui wawili.

Nikamuuliza ameipata kwa nani. Kwa mwenzake wa chumbani. Na huyo? Kwa kaka wa mwaka wa tatu, ambaye aliipata kwa mtu aliyeona picha. Hapo hakuweza kuendelea. Nikamwambia mnyororo wake uliobaki naujua, unaishia kwangu. Tukashuka pamoja mpaka kwenye mti ule wa mtini karibu na kinamasi, nikamwonyesha mahali nilipomzika.